Somo la Sinema: Watazameni Wanaosikiliza



Katika masomo yaliyopita tulijifunza kusoma karatasi ya mshahara, kusoma mkataba wa kazi, na kukagua hesabu za chama. Safari hii tumeona inafaa tujifunze kusoma kitu ambacho wengi wetu hudhani hakihitaji kusomwa, yaani picha ya sinema. Maana mtu akipewa karatasi yenye maandishi huuliza, "Hii imeandikwa na nani, na inataka nini kwangu?" Lakini akionyeshwa picha inayotembea husema tu, "Nimeona kwa macho yangu." Hapo ndipo mtu anaponaswa.

Darasa lilifanyika Lubaga, mjini Kampala, katika chumba kimoja kilichoko mteremkoni, chini ya kanisa kuu la Wakatoliki. Tulikuwa watu kama thelathini hivi: mafundi mbao kutoka Ndeeba, akina mama wa kiwanda cha nguo, vijana wa kupakia magunia ya kahawa, na wageni wanne kutoka mashamba ya miwa na ya chai. Shuka nyeupe tuliitundika ukutani, madirisha tukayaziba kwa magunia, na mashine tuliazima. Sinema tuliyoichagua ni ile iliyotengenezwa mwaka 1974 na Barbet Schroeder juu ya Idi Amin, aliyekuwa mtawala wa Uganda tangu Januari 25, 1971 mpaka Aprili 1979. Jina lake kwa Kifaransa ni Général Idi Amin Dada: Autoportrait, ndiyo kusema picha ambayo Jenerali amejichora mwenyewe. Jina hilo tulikumbuke, kwani somo zima limo ndani yake.

Kwanza tueleze sinema ya namna hii ni kitu gani. Si hadithi ya kubuni, wala hakuna waigizaji. Mtengenezaji humfuata mtu mashuhuri siku baada ya siku, akamwacha atembee, ale, aongoze mikutano, achoke, akasirike, na kamera ikawa pembeni kama nzi ukutani. Maelezo huwa machache. Mtazamaji ndiye anayeachiwa kazi ya kuamua mtu huyu ni mtu gani. Ni namna nzuri ya kuonyesha mambo, lakini ina siri moja: mtu akijua anatazamwa hawi yule yule. Nani kati yetu hashiki fagio kwa bidii msimamizi anapopita?

Mfano mmoja wa mbali unatoka Denmark. Katika nusu ya pili ya mwaka 2002 nchi hiyo ilishika uenyekiti wa Umoja wa Ulaya, na waziri mkuu wake, Anders Fogh Rasmussen, alikubali kufuatwa na mtengenezaji sinema aitwaye Christoffer Guldbrandsen mpaka ndani ya vyumba vya majadiliano, wakati wakuu wa Ulaya walipokuwa wakipatana juu ya kuzipokea nchi 10 mpya. Sinema ilitoka mwaka 2003 kwa jina la Fogh bag facaden, maana yake Fogh alivyo nyuma ya uso anaouonyesha watu. Maneno ambayo wakuu wengine waliyasema wakidhani ni ya faragha, hasa juu ya Uturuki, yakasikika sebuleni mwa watu, na ukazuka ubishi mkubwa. Lakini ubishi wenyewe ulikuwa wa maneno. Waziri mkuu akaendelea na kazi yake, na mwenye kamera akaendelea na yake. Tunautaja mfano huu ili msomaji apime mwenyewe umbali uliopo kati yake na ule wa Kampala.

Sasa turudi kwetu. Schroeder alikuja Uganda na mpiga picha mashuhuri, Néstor Almendros. Amin alikubali haraka, tena kwa furaha, kwani alipenda kutazamwa. Aliwapangia safari, akawapangia mapokezi, akapiga kodiani mwenyewe, na muziki wake huo ukaingizwa katika sinema. Ukiitazama utamwona ndani ya mashua mtoni, akiwaonyesha wageni ndovu na mamba kama mwenye shamba anayeonyesha ng'ombe wake. Mara anamwelekeza mpiga picha: chukua kile, chukua helikopta ile. Mahali pengine anashuka kutoka angani, na umati unacheza ngoma kumpokea. Mahali pengine askari wake wanafanya zoezi la kuiteka milima ya Golan kutoka kwa Waisraeli, na Golan yenyewe ni kilima kimoja cha Uganda chenye majani. Wengine wanaofunzwa kuwa askari wa miavuli wanateleza kwenye mtelezo unaofanana na ule wa watoto wa shule. Anashindana kuogelea, naye mshindi anajulikana kabla ya kuanza.

Darasani watu walicheka. Vijana walicheka sana. Na sisi wa kamati tulicheka pia, tusidanganyane. Amin alikuwa mtu wa mzaha, mwenye mwili mkubwa na kicheko kikubwa. Alipata kuwa bingwa wa ndondi wa Uganda, akajiunga na jeshi la mkoloni, King's African Rifles, mwaka 1946, akapanda kutoka chini kabisa. Waandishi kadhaa wa maisha yake wameeleza kwamba utotoni alikaa karibu na mashamba ya miwa ya Lugazi, ambako mama yake alikuwa akiishi. Ndugu mmoja wa miwa aliposikia hayo alisema, "Basi huyu alikuwa mwenzetu." Neno hilo tuliliweka kando kwa muda, tukaendelea kutazama.

Ndipo tukafika kwenye kikao cha mawaziri, na hapo tukaisimamisha mashine.

Ni chumba cha kawaida chenye meza ndefu. Amin yuko mbele, anasema. Anazungumza juu ya mambo mengi bila mpangilio. Anawaambia mawaziri kwamba kazi yao ni kuwafanya wananchi wampende kiongozi wao. Anasema kwa sauti ya kawaida, wala hafoki. Kisha anamgeukia waziri wa mambo ya nchi za nje na kulaumu kazi yake. Waziri huyo ni Michael Ondoga. Kamera inamwonyesha kwa muda mfupi tu. Sauti ya msimulizi, ambayo katika sinema hii husikika kwa nadra, inatuarifu kwamba muda mfupi baadaye maiti yake ilikutwa katika mto Nile.

Hapo hakuna aliyecheka.

Tuliirudisha sehemu hiyo tangu mwanzo, tukaitazama mara ya pili, lakini safari hii tulipatana kwamba mtu yeyote asimtazame Amin. Kila mmoja achague waziri mmoja, amtazame huyo tu. Tunawashauri nanyi mfanye hivyo hivyo mkiipata sinema hii, kwani ndiyo njia yetu ya kuisoma. Tuliona nini? Tuliona kalamu. Wale mawaziri wanaandika. Wanaandika kila neno, hata pale ambapo hakuna cha kuandika. Mtu anayeandika hana haja ya kuinua macho, na asiyeinua macho hawezi kusomwa uso. Mmoja wa akina mama wa kiwanda cha nguo alisema, "Kalamu yake inaandika, lakini masikio yanangoja jina lake." Hatukuweza kulieleza vizuri zaidi ya hapo.

Wengi wetu tumeketi katika mikutano ya namna ile. Bwana mkubwa wa kiwanda anaitisha mkutano uani, anasimama juu ya kreti, anasema kwamba sisi sote ni familia moja, kisha anamtaja mtu mmoja kwa jina kana kwamba ni jambo dogo. Wengine wote hutazama viatu vyao. Jumatatu yule aliyetajwa haonekani getini. Kama mpiga picha angekuwapo, angetuletea sinema ya bwana mkubwa mcheshi na wafanyakazi watulivu. Picha ingekuwa ya kweli kila sehemu, na bado ingedanganya. Ila tu kama mtazamaji angejua kutazama viatu.

Tofauti ni kwamba katika Uganda ya wakati ule aliyetajwa hakukosa kazi tu. Na kwa kuwa darasa letu lilikuwa Lubaga, hatukuwa na haja ya kwenda mbali kutafuta yale ambayo kamera haikuyaona. Ukisimama mlangoni mwa chumba chetu unaona vilima karibu vyote vya habari hii: Mengo, Namirembe, na ukizunguka upande wa pili, Kasubi. Vyote vimo katika divisheni hii moja ya mji.

Mengo ndiko iliko Lubiri, ikulu ya Kabaka. Mei 24, 1966, kwa amri ya serikali ya Obote, jeshi liliishambulia, na aliyeongoza mashambulizi alikuwa Kanali Idi Amin. Kabaka Mutesa wa Pili alitoroka akafia London mwaka 1969. Miaka miwili baadaye Amin huyo huyo, akiwa sasa rais, aliurudisha mwili wa Kabaka, ukazikwa Kasubi mwezi wa Aprili 1971, na watu wa Buganda wakamshangilia. Wazee wawili darasani walikumbuka shangwe hiyo. Mmoja alisema alipanda juu ya mti wa mwembe ili aone. Hakuona haya kulisema, nasi hatukumlaumu, maana alionyeshwa picha nzuri, naye alikuwa kijana.

Lubiri ilibaki kuwa kambi ya jeshi. Ndani ya ua wake, chini ya kilima, kuna handaki la zege lililojengwa katika miaka ya mwanzo ya utawala wa Amin. Siku hizi wageni hutembezwa pale. Ni njia fupi yenye giza na vyumba kadhaa upande mmoja, na sakafu yake iko chini kuliko milango. Watembezaji hueleza kwamba hapo chini palijazwa maji na kutiwa umeme ili mfungwa asiweze kutoka. Tulikwenda siku ya pili baada ya sinema, kwa miguu. Tuliingia, tukatoka. Juu ya waliokufa nchi nzima katika miaka ile minane makadirio hutofautiana sana, kuanzia 80,000 mpaka 500,000.

Schroeder hakuonyeshwa handaki hilo. Yeye alionyeshwa ndovu.

Tuseme pia habari ya kalamu nyingine, kwa sababu inahusu Lubaga na inatuhusu sisi wenye magazeti madogo kama hili. Wakatoliki wa Uganda walikuwa na gazeti la Kiluganda liitwalo Munno, lililoanzishwa mwaka 1911. Mhariri wake katika miaka ile alikuwa padre, Clement Kiggundu. Mwezi wa Januari 1973 alikutwa amekufa ndani ya gari lake lililochomwa moto. Mwaka mmoja tu baadaye kamera ya Wazungu ikapewa mashua, helikopta na kodiani. Miezi minne kabla ya kifo cha padre, Septemba 1972, Benedicto Kiwanuka, Jaji Mkuu wa nchi, alikuwa amechukuliwa na askari kutoka Mahakama Kuu mchana kweupe, wala hakurudi. Mgeni aliyekuja kutengeneza picha alipokewa, na mwenyeji aliyeandika au kuhukumu akanyamazishwa. Mtawala yule hakuchukia kutazamwa. Alichochukia ni kutazamwa na watu wake bila ruhusa.

Hapo fundi mmoja wa Ndeeba, mtu mzima, tena mwanachama wa siku nyingi, alinyanyua mkono. Alisema, "Ndugu zangu, mnamsema Amin kwa mabaya tu. Nani aliyempa Mwafrika duka? Nani aliyesema uchumi uwe wetu?" Tulimheshimu kwa kusema, kwani wapo wengi wanaofikiri hivyo na hawasemi. Jambo hili lilichukua karibu saa nzima ya darasa, nasi tunaona lilistahili.

Ni kweli kwamba katika Agosti 1972 Amin alitangaza kile alichokiita Vita vya Uchumi, akawapa Wahindi siku 90 waondoke. Ni kweli pia kwamba kabla ya hapo biashara kubwa, viwanda vya pamba, na mashamba ya miwa ya Kakira na Lugazi havikuwa vya Waafrika, na mfanyakazi hakuwa na sauti. Malalamiko yalikuwa ya haki. Lakini tuulize walipewa nani. Maduka yaligawiwa wakubwa wa jeshi na rafiki zao, na watu wakawapa jina ambalo mpaka leo linajulikana Uganda: mafuta mingi. Tajiri mpya hakujua bei ya vitu alivyovikuta rafuni. Akauza shati kwa namba ya kola. Hicho kichekesho cha namba ya kola kila mzee wa Kampala anakijua, nasi hatuwezi kuapa kwamba kilitokea katika duka fulani, lakini rafu zilizobaki tupu watu waliziona. Viwanda vikakosa vipuri. Kiwanda cha sukari ni mashine na ni miwa: mashine zikisimama, miwa inakauka shambani, na mkataji hana kazi. Kufikia mwanzo wa miaka ya 1980 viwanda vikubwa vya sukari vya Uganda vilikuwa karibu vimesimama, na nchi iliyokuwa ikiuza sukari nje ikawa inaitafuta kwa magendo. Ndugu wa Lugazi alisimama akasema kwamba baba yake alikata miwa chini ya Mhindi kwa mshahara mdogo, kisha akakata miwa chini ya mwanajeshi bila mshahara, kisha hakukuwa na miwa. Akaketi.

Na vyama vyetu je? Mwaka 1973 vyama vya wafanyakazi viliwekwa chini ya shirika moja, NOTU. Shirika hilo limekuja kufanya kazi nyingi njema baadaye, lakini katika miaka ile ni nani angethubutu kuitisha mgomo? Mgomo ni watu wanaosimama pamoja na kutajwa majina. Tumekwisha kuona katika kikao cha mawaziri maana ya kutajwa jina.

Hata lugha hii tunayoandikia ina historia yake ndani ya habari hii. Amin aliitangaza Kiswahili kuwa lugha ya taifa mwaka 1973, na mtu wa Tanzania au wa Mombasa atasema hilo lilikuwa jambo zuri. Mama mmoja wa Lubaga alitukumbusha kwamba Kiswahili chake cha kwanza alijifunza kwenye kizuizi cha barabara: simama, toa kitambulisho, lala chini. Kwa miaka mingi hakutaka wanawe wakiseme. Sasa anakisema nasi katika chama, na alisema hayo akicheka, lakini tuliona tuyaandike, ili ndugu wa pwani wajue kwa nini wengine huku Buganda hukipokea kwa mkono mmoja.

Turudi kwenye sinema, maana habari yake haikuishia kwenye shuka.

Schroeder alimaliza kazi, sinema ikaonyeshwa Ulaya. Amin alipata habari ya mambo yaliyomo na ya jinsi watazamaji walivyocheka. Akataka sehemu fulani zikatwe, jumla yake kama dakika mbili na nusu. Mtengenezaji alipokataa, Amin aliwakusanya Wafaransa wapatao 150 waliokuwa Uganda, akawaweka katika hoteli moja, akawapa namba ya simu ya Schroeder wamsihi wenyewe. Schroeder akakata. Lakini alifanya ujanja mmoja wa heshima: pale alipokata, aliweka maandishi ya kumwarifu mtazamaji kwamba hapa pameondolewa kitu, na urefu wake ni huu. Baada ya Amin kuanguka mwaka 1979, Kampala ilipotekwa na majeshi ya Tanzania pamoja na Waganda waliokuwa uhamishoni, zile sehemu zikarudishwa.

Sisi tuliyapenda sana maandishi yale ya kukata. Katika gazeti la chama, mhariri akilazimishwa kuondoa habari, mara nyingi huweka tangazo la sabuni mahali pake, na msomaji hajui kitu. Kuacha pengo wazi na kusema "hapa palikuwa na kitu" ni namna ya kusema yote. Kumbukeni pia kwamba waliowekwa rehani ni watu wa kawaida waliokuja kufanya kazi. Mwenye sinema alikuwa salama Paris. Swali hili tuliliacha bila jibu, na bado hatuna: je, tungekuwa sisi tumekaa katika hoteli ile, tungetaka akate au asikate? Darasa liligawanyika nusu kwa nusu.

Sinema yenyewe ina kosa lake, nasi tunalitaja. Inachekesha mno. Mzungu aliyeketi Paris mwaka 1974 aliweza kuondoka akidhani kwamba ameona Afrika ilivyo, nchi ya mtu mmoja mkubwa anayecheza kodiani. Ni kweli kwamba mtengenezaji mwenyewe aliliona hilo, maana katika maelezo yake aliwakumbusha watazamaji wa kwao kwamba Amin ni pia kivuli kilichopotoka cha wakoloni waliomfunza bunduki. Maneno hayo ni ya haki, lakini ni sentensi chache baada ya saa nzima ya kicheko. Wafanyakazi wa Uganda hawamo kabisa ila kama umati unaocheza ngoma. Hakuna anayewauliza kama walikuja wenyewe au waliletwa kwa malori.

Lakini mwisho wake unalipa. Ni mkutano wa madaktari wa Uganda. Amin amekaa mbele, safari hii si yeye anayesema; daktari mmoja anasema, na mtawala inambidi asikilize. Kamera inamkaribia uso, inakaa pale. Haitoki. Macho yake yanakwenda kushoto, kulia, chini. Hana kicheko cha kutoa, kwani hakuna aliyemchekesha. Kwa mara ya kwanza yeye ndiye msikilizaji, nasi tulikuwa tumekwisha kujifunza kuwatazama wasikilizaji. Tuliona mtu mwenye hofu. Alikuwa akiwaogopa watu waliosoma, waliokaa mbele yake wakiwa wengi kwa pamoja, hata kama walikuwa kimya. Kijana mmoja wa kahawa alisema, "Kumbe naye anaandika kwa macho." Alikusudia kwamba anawahesabu.

Jambo moja zaidi juu ya picha za mtu huyu. Schroeder alikaa kidogo akaondoka, lakini walikuwapo wapiga picha wa serikali, Waganda, waajiriwa kama sisi, ambao walimfuata Amin kwa miaka yote. Picha zao zilifichika mpaka zilipopatikana katika kabati za shirika la utangazaji, UBC: negativu zipatazo 70,000. Mwaka 2019 Makumbusho ya Uganda yalionyesha baadhi yake. Mtu angetegemea kuona humo handaki la Mengo na vizuizi vya barabara. La. Humo mna mikutano, gwaride, mapokezi, watu waliopiga makofi. Wapiga picha wale walijua mahali pa kuielekeza kamera na mahali pa kuifunika. Hatuwezi kuwahukumu, walikuwa na watoto. Lakini ukizitazama picha hizo kwa njia tuliyojifunza, ukaacha mtu wa katikati na kutafuta nyuso za pembeni, zinaanza kusema.

Darasa lijalo, Mungu akipenda, litakuwa juu ya sinema nyingine ya mtu mashuhuri wa Uganda, Bobi Wine: The People's President, ya mwaka 2022, iliyotengenezwa na Moses Bwayo na Christopher Sharp, na ikawa kati ya zilizoshindania tuzo ya Oscar mwaka 2024. Hii inamfuata mwanamuziki aliyekuwa mbunge na mpinzani, na mtengenezaji wake mmoja ni Mganda aliyekamatwa na kujeruhiwa akiwa kazini, akalazimika kuihama nchi. Watu wa Lubaga wanaikumbuka Agosti 2018, mbunge huyo alipopewa dhamana Gulu akaletwa kulazwa katika hospitali ya hapa Lubaga, mwendo mfupi kutoka chumba chetu. Wako wanachama wanaompenda sana na wako wasiompenda kabisa, nasi hatutaki kugeuza darasa kuwa mkutano wa siasa. Tutaitazama kwa kipimo kile kile: nani ameshika kamera, nani amekubali kufuatwa na kwa nini, kitu gani kimebaki nje, na nyuso za pembeni zinafanya nini. Aliye upande wake asikasirike tukiuliza, na asiye upande wake asifurahi.

Kila mmoja aje na daftari. Mlango utafunguliwa saa kumi na moja jioni, na tunaomba walioazima magunia ya kuzibia madirisha wayarudishe mapema, kwani mwenyewe anayadai.